Nilipitisha Bila Kuonja

Mama na baba wa nyumba hii, asanteni kwa kutupokea. Mnaonizidi umri, na hamjabaki wengi, shikamooni. Amani ya Bwana iwe juu yetu sote tuliobanana humu ndani kwa sababu ya upepo wa huko nje.

Mwenyekiti wetu wa jumuiya amenitaka nishuhudie. Nimemkwepa mara mbili. Mara ya kwanza nilimwambia nina mafua. Mara ya pili nikamwambia nina mafua. Leo hakuniuliza habari za mafua, amenionyesha tu kiti cha mbele. Kwa hiyo nitasema. Sitamtaja mtu kwa jina, maana waliomo katika habari hii wako hai, na wengine mtakutana nao kesho sokoni.

Ndugu zangu, nawaambia mapema ili msije mkangoja vishindo: sikunywa hadi kulala mtaroni, sikufungwa, sikufukuzwa kijijini. Mimi nilianguka nikiwa nimekaa kwenye kiti.

Mnajua kwamba mke wangu alifariki. Mlikuwepo. Mlichimba, mlibeba, mama zetu mlipika. Mvua zilikuwa zimeanza na udongo wetu huu wa Pito ulikuwa unaganda kwenye majembe. Nilisimama kando ya kaburi nikawa natazama viatu vya katekista, jinsi tope lilivyopanda mpaka kwenye kamba. Sikulia. Watu wakasema, "Mzee ana imani." Mmoja alinishika bega, akaniambia nimewafundisha namna ya kupokea mapenzi ya Mungu. Nikamshukuru.

Haikuwa imani. Ilikuwa ganzi. Umewahi kulalia mkono? Unaamka, unauona upo, unaushika kwa mkono mwingine, lakini si wako. Ndivyo nilivyokuwa, mwili mzima.

Matanga yaliisha, ganzi ikabaki. Niliamka, nilifagia, nilichota maji, nilikuja jumuiya. Mliniona hapa hapa, niliimba. Nilikula kwa kuwa saa ya kula imefika. Jirani yangu mmoja, mfugaji, Msukuma, alikuwa ananiletea maziwa asubuhi. Yuko pale nyuma. Si wa jumuiya hii, amekuja kuhakikisha kwamba simtaji. Tulia, mtani, sijakutaja.

Alikuwa akifika mlangoni anasema, "Mwangaluka, mzee. Kunywa nikiona. Ukifa na njaa hapa, ninyi Wafipa mtasema ng'ombe wetu wamekula mpaka chakula chako."

Siku moja nilikunywa kikombe chote mbele yake. Akakichukua, akakinusa.

"Mzee! Haya yameharibika. Nilibeba kibuyu kisichooshwa. Hukusikia?"

"Nilisikia," nikamwambia.

"Ukanyamaza?"

"Nilikuwa na kiu."

Sikuwa na kiu, wala sikusikia kitu. Yaliingia kama maji. Mama pale mlangoni anacheka. Cheka tu mama, hata mtani alicheka. Ila alipokuwa anaondoka aligeuka akanitazama kwa muda.

Sasa mnielewe mimi ni nani katika jambo linalofuata. Elimu yangu ni ya kidato cha nne. Kazi yangu, mpaka nilipostaafu, ilikuwa kutunza ghala la pembejeo: mbegu, mbolea, dawa za kuhifadhia mahindi. Kila msimu wa kupanda, mkulima akichukua mfuko wa mbegu dirishani kwangu, nilimwambia maneno yale yale: "Hii ni mbegu, si chakula. Hiyo rangi nyekundu si urembo, ni sumu ya wadudu." Niliyasema hadi mke wangu akawa ananiigiza. Akiweka sahani mezani anakaza uso, anasema kwa sauti yangu, "Hiki ni chakula, si mbegu."

Ndiye yule mke wangu ambaye pombe yake ya ulezi wengi wenu mmeinywa. Hata wale mnaosema hamnywi.

Basi. Binti yangu anafundisha kompyuta chuoni, Mbeya. Alikuja kunitazama baada ya msiba, akakuta nimekaa. Akakaa na yeye. Mwishowe akasema:

"Baba, unaonaje nikikupa kazi?"

"Mimi nimestaafu."

"Ndiyo maana nauliza. Aliye kazini ningemsumbua."

Nitawaeleza kazi yenyewe kama nilivyoielewa, na vijana mtanisamehe. Kuna hii akili mnemba, mashine unayoiuliza swali ikakujibu kama mtu. Watu wa nchi nyingi, wasiojuana kwa sura, wamekusanya mahali pamoja mtandaoni mifano ya namna ya kuitumia. Kuna mfano wa programu inayomsomea barua asiyeona. Kuna wa kupanga zamu za wauguzi. Kila mfano umewekwa wazi pamoja na maelezo yake. Ni huria. Yeyote anauchukua, anaubadilisha, anautumia kwake, haombi ruhusa ya mtu. Na yeyote anaweza kuongeza wa kwake, mradi wenzake waukague na kuukubali.

Wa umri wangu mnakumbuka tulivyokuwa tukilimiana matuta yetu ya duara. Unaingia shamba la mwenzio, unakusanya majani, unayafukia, unafunika udongo, unaliacha tuta pale. Msimu unaofuata anayepanda juu yake hakuulizi jina. Binti yangu aliponieleza, hilo ndilo nililoliona.

Yeye alikuwa anaandaa mfano wa programu ya kujibu maswali ya wakulima wa huku kwetu juu, kwa Kiswahili. Mashine ilikuwa imeshatoa majibu ya majaribio. Alihitajika mtu anayejua, ayasome moja moja: lililo sahihi aliwekee vema ili programu ilifuate, lenye kosa aliwekee mkasi.

"Kwa nini mimi?" nikamuuliza.

"Kwa sababu mama alikuwa anasema unasoma hata mfuko wa chumvi."

Nikakubali. Nisiwadanganye, sikukubali kwa kupenda kusaidia wakulima. Nilikubali kwa sababu kukataa kulihitaji maneno mengi. Akaniachia kompyuta yake ya zamani, akanionyesha pa kubonyeza, akarudi kazini.

Majibu yenyewe, kila moja, yalianza na salamu. "Habari yako mzee wangu. Asante kwa swali lako zuri." Halafu yanaeleza kwa utulivu, na mwisho yanakutakia mavuno mema. Na mnajua sisi tulivyolelewa. Mgeni akiwa anazungumza, wewe unapiga makofi yale ya taratibu, unaitikia eeh, eeh, unamwacha amalize. Kumwambia mgeni aliyekusalimu vizuri kwamba umekosea, tena katika kikao cha kwanza, ni kumvua nguo mbele za watu. Mashine ile ilinisalimu, mimi nikaitikia. Vema. Eeh. Vema.

Majibu ya mwanzo niliyasoma. Baadaye nikawa nasoma mistari ya juu. Baadaye nikawa natazama salamu tu.

Lakini nisiisingizie mila. Mila ilikuwa koti, na ndani ya koti kulikuwa na mtu ambaye hata angeambiwa nyumba yake inaungua angeuliza upande gani. Nilibonyeza vema kama nilivyokuwa nafagia na nilivyokuwa naimba. Nilipofika mwisho sikukumbuka hata swali moja.

Binti yangu akapiga simu.

"Baba, yaani yote ni sahihi?"

"Yote."

"Hakuna hata moja lenye kasoro?"

"Mashine yenu imelelewa vizuri."

Alicheka sana. Nakumbuka kicheko kile, kwa sababu hakikunifikia. Nilikisikia kama redio ya nyumba ya pili.

Mfano wake ulikaguliwa na wenzake, ukakubaliwa, ukaingia katika mkusanyo. Juu yake aliandika kwamba majibu yamepitiwa na mtunza ghala mstaafu wa Sumbawanga. Alinitumia picha ya maneno hayo. Walimu wenzake walimpongeza.

Sasa nendeni na mimi Kate, kule Nkasi. Kikundi kimoja cha wakulima waliuona mfano ule, wakauchukua kama ilivyo ruhusa, wakaurekebisha kidogo, wakauweka kwenye simu za wanachama. Ulifanya kazi vizuri. Watu waliuliza habari za mbolea, wakajibiwa. Ikaja miezi ile mnayoijua, mahindi yamesimama shambani lakini bado ni maji, na ghalani kumebaki vumbi. Mama mmoja, mume wake yuko mbali kikazi, ana watoto, alikuwa na mbegu ya dukani iliyobaki baada ya kupanda. Ile nyekundu. Akauliza kwenye simu kama inaweza kuliwa.

Jibu likaja. Habari yako mama yangu. Asante kwa swali lako zuri. Ioshe vizuri kwa maji mengi mpaka rangi itoke, ianike, kisha inaweza kusagwa.

Akaosha. Akaanika. Akasaga. Akapika.

Watoto wake walitapika wakalegea, na mdogo akawa anatetemeka. Majirani wakawabeba mpaka zahanati. Mungu ni mwema, nalisema sasa hivi msikae na roho juu: walipona wote. Lakini yule mama alikaa zahanati akiwatazama watoto wake bila kujua kwamba watapona. Sisi tunajua kwa kuwa tunasimulia. Yeye hakujua.

Kiongozi wa kikundi aliandika kwenye ule mkusanyo, mahali pa malalamiko, panaposomwa na kila mtu: "Jibu hili limelisha watoto sumu, na limewekewa vema na mkaguzi."

Binti yangu akapiga simu.

"Shikamoo baba."

"Marahaba."

"Baba, lile swali la mbegu iliyobaki. Ulilisoma?"

Ndugu zangu, mtu niliyesema maneno yale dirishani miaka yote ya kazi yangu. Mtu niliyeigizwa na mke wangu mezani.

Nikamjibu, "Sikumbuki."

Akasema, "Sawa baba. Pumzika."

Siku hiyo hiyo aliondoa jibu lile, akaandika mbele ya watu wote: "Kosa ni langu mimi mwandishi wa mfano. Mkaguzi ni mzee aliyefiwa, nilimpa mzigo usiomfaa." Nilisoma kwenye kompyuta yake mwenyewe. Nilisoma pia wanayomwambia. Wengine walimwambia kwa upole. Wengine walimwambia hafai kugusa kitu cha kilimo wala cha afya maisha yake yote. Mwenzake wa chuoni waliyekuwa wakifanya naye kazi hiyo alijitoa. Baadaye binti yangu naye akaacha. Simu zake kwangu zikawa fupi: umekula, umelala, haya baba.

Mwanangu alinifunika, na mimi nikavuta shuka. Sikujisikia vibaya sana. Hilo ndilo ninaloliogopa hata leo nikilikumbuka. Nilijua kwamba ni vibaya, kama unavyojua kwamba Mbeya iko kule. Kujua tu.

Aliyenitoa ni huyu mtani wangu. Alikuja na maziwa, akanikuta nimefungua yale malalamiko nayasoma tena. Akauliza ni nini. Nikamwambia yote, kwa sauti ya kawaida, kama namwambia bei ya saruji. Alisikiliza amesimama, kibuyu mkononi.

"Ninyi Wafipa," akasema, "kila mwaka mnanifuata nyumbani. Ng'ombe wako wamekula mahindi yetu, toka nje. Si ndiyo?"

"Ndiyo."

"Na nikimtuma binti yangu atoke badala yangu, mnasemaje?"

"Tunasema hatukuja kwa mtoto."

"Haya, mzee. Leo ng'ombe ni wako."

Akaweka kibuyu chini. Akaniambia kuna lori linakwenda mnadani upande ule, nafasi ya mbele anaweza kuniombea, yeye atakaa nyuma na madume yake. Sikutaka kwenda. Sikutaka pia kukataa. Safari hii ule uvivu wangu wa kukataa ulinifaa, nikajikuta nimepanda.

Kate tuliulizia, tukaonyeshwa. Nyumba ya matofali, uwanja umefagiliwa, mama anapura maharage na watoto wanazunguka. Alituamkia kwa heshima zote, akapiga goti, akatandika mkeka. Hakujua sisi ni nani. Nikakataa kukaa. Nikasema nimesimama, hivi hivi nilivyosimama mbele yenu: "Mama, mimi ndiye niliyeweka alama kwamba lile jibu la mbegu ni sahihi. Sikulisoma. Nilikuwa najua kwamba ni sumu, kazi yangu ilikuwa kuijua. Binti yangu ameandika kwamba kosa ni lake. Si lake."

Fimbo yake ya kupuria ilikuwa bado mkononi. Mtani wangu akanisogelea kidogo, nadhani alifikiri nitapigwa. Binti mdogo wa yule mama akauliza kwa sauti, "Mama, ndiye huyu anayekaa ndani ya simu?"

"Nyamaza," mama akasema. Kisha akanitazama. "Mzee, nikwambie kitu. Mimi niliuliza mara mbili. Mara ya kwanza sikuamini, maana hata mama yangu alinikataza ile mbegu nikiwa mdogo. Nikauliza tena. Kikanijibu kwa adabu kuliko mara ya kwanza. Mama yangu mpendwa, kikaniita. Nikaona haya kukibishia." Akatazama maharage. "Nilikionea haya kitu kisicho na uso. Ndipo nikaosha."

Nikasema, "Nisamehe."

"Sijui kama nimekusamehe. Umetoka mbali. Kaa kwanza unywe."

Akaingia ndani, akatoka na togwa ya ulezi kwenye chungu, na kata. Akakoroga. Akachota. Kisha akafanya jambo ambalo nimeliona maisha yangu yote, na ninyi mmeliona, mpaka hatulioni tena. Alikunywa yeye kwanza. Mbele yetu. Akameza, akatulia kidogo, akafuta ukingo wa kata kwa kiganja, akachota upya, akanipa kwa mikono miwili.

Mwenyeji huonja kwanza. Hakuna mgeni aliyemwambia aonje. Ndivyo alivyofundishwa, na mama yake alifundishwa hivyo, na mke wangu alisimama hivyo hivyo uwanjani kwangu na kata mkononi huku ninyi mkimtania kwamba atamaliza chungu. Kinywaji hakimfikii mgeni kabla hakijapita kwa mwenyeji. Kama kina ubaya, uanze na yeye.

Ndugu zangu, mimi niliwekwa mwonjaji. Kazi yote niliyoombwa na mwanangu ilikuwa ni ile tu. Anywe mzee kwanza, ndipo wapewe watu. Na mimi nilipokea kata, nikaipitisha kwa watoto wa mtu, midomo yangu mikavu.

Na mama huyu, niliyempitishia sumu, alikuwa ameonja kwanza kabla ya kunipa mimi.

Nilishindwa kuinua kata. Akaniambia, "Kunywa, mzee. Mimi mbona nimekunywa." Nikanywa. Ilikuwa chachu. Ilikuwa imekaa siku moja zaidi ya inavyotakiwa, uchachu ukanishika hapa, chini ya masikio, taya zikakaza. Sikulia, msidhani nililia. Nilisikia uchachu. Tangu mazishi lilikuwa jambo la kwanza kunifikia mpaka ndani. Nikaomba tena.

"Angalau hii anaisikia," mtani wangu akasema. Yule mama hakuelewa kwa nini tunacheka, mtani na mimi, wanaume wawili wazima na kata moja.

Nilirudi nyumbani nikaandika kwenye ule mkusanyo, pale pale palipokuwa na maneno ya binti yangu. Niliandika Kiswahili, maana Kiingereza changu ni cha kusomea vibandiko. Niliandika kwamba mkaguzi ni mimi, kwamba sikulemewa na mzigo wala sikusahau, sikusoma. Kwamba mwandishi wa mfano alinifunika kwa kuwa ni mwanangu. Kwamba majibu yote niliyoyapitisha yasiaminiwe mpaka yasomwe upya. Nikaomba, kama wanaruhusu, niyasome mimi.

Simu ililia kabla sijafunga kompyuta.

"Baba, nani amekwambia uandike?"

"Ng'ombe ni wangu."

"Ng'ombe gani tena, baba?"

Nikamweleza. Akasema, "Mimi nilijua, baba. Tangu mwanzo. Programu inaonyesha mtu amekaa kwenye jibu muda gani. Wewe ulikaa kwenye kila jibu muda wa kumeza mate."

"Ulijua kabla hujaupeleka mfano kwa wenzako?"

"Nilijua uliponiambia yote ni sahihi."

"Mbona hukunisema?"

"Nikusemeje? Ningemwambia baba yangu mzazi, aliyefiwa juzi, kwamba anadanganya?"

Basi tazameni. Mimi niliionea haya mashine. Yule mama aliionea haya simu. Mwanangu alinionea haya mimi. Kila mmoja wetu alikuwa na adabu yake, na sumu ikapita katikati yetu kama mgeni mheshimiwa.

Binti yangu alilia kwenye simu. Akasema na yeye ana kosa lake, atalisema mwenyewe, nisimfunike. Na alilisema. Nilimsikiliza akilia na safari hii haikuwa redio ya nyumba ya pili.

Wale watu wa mkusanyo, nilitegemea watanifukuza. Wapo waliotaka hivyo, na wana haki yao. Lakini mmoja wa nchi ya mbali, ambaye simjui hata kama ni mwanamume au mwanamke, aliandika kwamba kuweka vema ni rahisi mno, ndiyo shida. Wakajadiliana wiki nzima. Mwishowe mfano wa binti yangu ukabadilishwa. Siku hizi hakuna vema. Anayekagua anaandika kwa maneno yake mwenyewe kwa nini jibu ni sahihi au si sahihi, na jibu lolote la chakula, dawa au sumu linasomwa na watu wawili wasiokaa nyumba moja. Na zile salamu ndefu zimeondolewa. Mashine inajibu kwanza, kama inajua. Kama haijui, inasema nenda kwa bwana shamba.

Niliruhusiwa kusoma upya. Nilisoma kila jibu mpaka mwisho, kwa sauti, peke yangu mezani. Niliyoyakuta sitayasimulia yote. Mahindi yenye ukungu, jibu lilisema yapepetwe tu yaliwe, wakati sumukuvu haiondoki kwa kupepeta. Mkulima wa Milepa, kule bondeni kwenye joto, alipewa wakati wa kupanda wa huku kwetu kwenye baridi. Yote hayo niliyawekea vema kwa mkono huu.

Na msomaji wa pili, mnataka kujua ni nani? Ni yule mama wa Kate. Binti yangu alimwomba, na mimi nilifikiri atakataa. Anasoma kwenye simu yake, na ni mkali. Juzi amekataa jibu nililolipitisha. Ameandika, "Jibu ni la kweli ila ni refu. Mwenye njaa hafiki mwisho." Nikalikata nusu. Kunisamehe bado hajasema, na mimi simuulizi. Watoto wake nimewaona tena, wanakimbia.

Ndugu zangu, msiondoke hapa mkisema mzee amepona. Ziko asubuhi ninazoamka na mkono si wangu. Ila zipo na nyingine.

Namshukuru huyu mtani, asiye na jina, kwa maziwa mazuri na kwa yale mabovu. Namshukuru mama wa Kate, aliyenipa kunywa kabla ya kunipa msamaha. Namshukuru mwanangu, ambaye jana amenipigia simu na tumeongea mpaka akasema, baba, sasa niache nikapike. Nawashukuru wale watu wa mbali, walioniacha nibaki kazini na kosa langu likiwa limeandikwa pale juu, halijafutwa, kila ajaye analisoma. Nawashukuru ninyi mliochimba na kupika. Siku ile sikuwashukuru, nilisema asante tu.

Nilichojifunza ni kidogo. Mtu akikuamini umwonjee, onja. Usimpe heshima ukamnyima ulimi wako. Na kama ulimi umekufa ganzi, sema umekufa ganzi, kata apewe mwingine.

Nimemaliza. Sasa ile ndoo pale mlangoni, wengine mmeikwepa mkidhani ni maji ya kunawa, ni togwa. Ulezi nimeuotesha mimi, nimeusaga na kuupika mimi, kwenye chungu cha marehemu, na ni mara yangu ya kwanza. Mama, nisogezee hiyo kata. Hapana, usiwape bado. Nipe mimi.

Haya.

Imezidi uchachu kidogo. Karibuni.